Nimemfanya Mama Neema Kuwa Nyota

Mama yangu mpendwa,

Shikamoo. Huku Buzuruga watu wanacheka, na safari hii hawakucheki wewe.

Unakumbuka meza yetu ya dagaa pale sokoni, ilivyochangamka mpaka Mama Neema wa meza ya jirani akaanza kunong'ona kwamba una chuma ulete, kwamba noti yako ikiingia kwenye kopo la mtu inaondoka na hela zake zote. Mjane, mgeni kutoka Ukerewe, na biashara inakwenda. Walitaka ushahidi gani tena? Nilikuwepo siku alipokataa kupokea hela mkononi mwako. "Weka hapo chini, Mama Tabu," alikuambia, kisha akaivuta noti kwa kijiti na kuinyunyizia chumvi. Ulitabasamu kidogo, ukaendelea kupima dagaa. Wateja wakahama. Tukahamia Kisesa, ukawa unalima mashamba ya watu, na kifua kikakumaliza hukohuko.

Sasa natengeneza filamu fupi za kuchekesha, zile za kurushiana kwenye simu. Nilirudi Buzuruga nikamtafuta Mama Neema. Hakunitambua. Nikamwambia natafuta mama mcheshi wa kuigiza mwanamke anayemwogopa jirani yake kwa sababu ya chuma ulete. Sikumwandikia hata neno moja. Mama, alijua kila kitu: kijiti, chumvi, kipande cha mkaa ndani ya kopo, hata kuruka nyuma upepo ulipoipeperusha ile noti. Nilirekodi huku nimeuma meno.

"Nimeweza, mwanangu?"

"Umeweza, mama. Wewe huhitaji kufundishwa."

Filamu imefika mpaka Butimba. Akipita, watu wanatupa sarafu chini na kumpa kijiti aiokote. Wanajaa mezani kwake kumcheka, kununua wananunua kwa wengine. Juzi alikuja kwangu analia.

"Ifute, mwanangu. Biashara yangu imekufa."

Nikamwambia mimi ndiye Tabu. Alikaa chini palepale mlangoni.

Nisikudanganye, nilisikia raha. Bado naisikia.

Najua wewe ungemwinua, ungempa maji ya kunywa, halafu ungenigeukia na kuniambia, "Futa." Ningefuta. Duniani kote ni wewe tu ungeweza kunizuia, Mama, na yeye ndiye aliyekuondoa.

Pumzika. Mimi bado nina kazi.

Ni mimi binti yako, niliyekosa moyo wako wa kusamehe