Gauni Jekundu na Uji wa Kuku

Jumatatu, 3 Machi
Nimechota maji, nimefua nepi, nimetembea. Mlangoni hadi zizini mara ishirini, ndoo tupu kichwani, shingo isimame. Mama mkwe kanichungulia toka jikoni, mwanangu mgongoni kwake, akamwuliza: "Ghati, mama yako anapima shamba?" Nimecheka mpaka ndoo ikaanguka. Madamu wa duka la nguo Sirari kanichagua mimi. Mimi niliyeishia darasa la saba. Tarehe 22 nitaonyesha mavazi yake Tarime mjini.

Jumatano, 5 Machi
Kujaribu gauni. Jekundu, la kubana. Sijawahi kugusa kitu kizuri hivyo. Zipu ikagoma kiunoni. Madamu akauliza, "We dada, una mtoto?" Nikasema sina. Imetoka tu. Nimemkana Ghati wangu wa miezi minne. Zipu isipofunga, gauni anapewa mwingine. Kanipa uzi wenye fundo panapoishia kiuno cha gauni, nijipime nyumbani. Nimekaza tumbo kwa kanga. Nina furaha, hata sijali kuhema.

Jumatatu, 10 Machi
Uji wa wimbi wa kuleta maziwa anaonipikia mama mkwe nawamwagia kuku. Nakunywa maji ya moto. Fundo bado vidole viwili. Naweza.

Jumapili, 16 Machi
Kidole kimoja. Kioo kila saa. Nalichukia tumbo langu, kisha naona aibu, Ghati alikaa humo. Moyo unakimbia nikiwa nimekaa. Silali. Mama mkwe kasema kuku wake siku hizi wamenenepa. Nikainama, nikafagia.

Alhamisi, 20 Machi
Kliniki. Ghati kwenye mzani. Nesi kaangalia kadi. Uzito umeshuka. Ananyonya, anaachia, analia. Nesi hakunigombeza. "Na wewe mama, unakula? Unalala?" Nimelia mbele ya foleni nzima. Nimemwambia yote, mpaka kanga. Kanifungua mwenyewe. Kasema akili nayo inaugua, Jumatatu nirudi tuongee wawili. Nilidhani nakonda mimi peke yangu.

Ijumaa, 21 Machi
Nimekwenda Sirari, Ghati mgongoni. Nikasema, "Madamu, huyu mwanangu. Nilikudanganya. Gauni sitaliweza." Akalichukua, akampa binti mwingine palepale. Nikageuka kuondoka. "Unakwenda wapi? Njoo ujaribu hili la kitenge." Pana, vifungo kifuani. Limenikaa. "Ungesema mapema ningekushonea lako." Bado kanuna. Mimi nimerudi karibu naruka.

Jumapili, 23 Machi
Jana nimetembea jukwaani. Shingo kama ndoo ipo. Vigelegele, na cha mama mkwe kilizidi vyote, Ghati mapajani mwake.
Leo kimya. Tumbo lipo. Saa nyingine bado nalichukia. Kesho narudi kwa nesi. Maziwa yameanza kuja, kidogo.
Mama mkwe kanipa bakuli la uji, akasimama mpaka nikamaliza. Akachungulia ndani.
"Leo kuku watalala njaa," akasema, akaenda zake kukamua.