Maji ya Moto Kutoka Mashine ya Baridi

Kwako baba yangu, uliyelala makaburini Kawajense,

Nakuandikia leo Jumamosi kwa sababu jana nilisema mbele ya watu, na wewe peke yako ungejua jambo hilo ni zito kiasi gani kwangu.

Unakumbuka nilivyokuwa. Wageni wakija nilikaa jikoni mpaka waondoke. Mwalimu akiita majina nilinyoosha mkono bila kutoa sauti, naye akaniandika mtoro. Ulipopata habari hukunigombeza. Ulinipeleka kwenye mashine ya kusaga ya Mzee Sefu, ulikokuwa fundi, ukanisimamisha karibu na injini ya dizeli, ukaniambia, "Nitaita jina lako hapa. Uitike mpaka nisikie." Ukaita, "Nyamizi." Nikasema, "Mimi." Ukaweka mkono sikioni, ukatikisa kichwa. Ukaita tena, na tena, mpaka wanawake waliopanga foleni na mahindi yao wakaanza kucheka. Nikakimbia nyumbani, unga umenijaa kwenye nywele.

Nilikuwa kidato cha pili ulipoanza kazi ile ya maziwa. Mama Masanja na wenzake, wauza maziwa, walitoka kijijini Mwamkulu alfajiri na ndoo kichwani, na jua likipanda maziwa yanaganda kabla hayajapata mnunuzi. Ukaokota kompresa, ule moyo wa friji, pamoja na mabomba yake kwenye gari bovu la kubebea nyama, ukaifunga kwenye injini ya Mzee Sefu kwa mkanda wa pili. Ukatengeneza sanduku kubwa la mbao lenye kuta mbili, katikati ukashindilia maranda ya seremala, ndani ukapiga bati. Injini ikisaga mahindi, sanduku linapoza maziwa.

Lakini yale mabomba ya kutolea joto hukuyaacha hewani. Uliyazungusha ndani ya pipa la maji. Nikakuuliza kwa nini unajisumbua. Uliniambia hivi: "Mashine hii haitengenezi baridi, mwanangu. Inatoa joto kwenye maziwa na kulipeleka nje. Joto ni mgeni. Ukimtoa mlango huu, mwandalie kiti mlango ule, la sivyo atarudi ndani."

Kiti chake kilikuwa lile pipa. Mtaa mzima ukapata maji ya moto bila kuni: wagonjwa, wazee, na zaidi ya wote wazazi waliotoka kujifungua, wanaokandwa kwa maji ya moto asubuhi na jioni mpaka mwili urudi. Sheria yako ilikuwa moja tu, ukichota ndoo ya moto, unarudisha ndoo ya baridi. Mzee Sefu naye alijivuna kama aliibuni yeye. Wageni wakija alikuwa akiwaonyesha pipa, kisha sanduku. "Hapa jehanamu," anasema, "na pale Ulaya."

Ukaondoka, baba. Homa ya siku tatu tu.

Matanga hayajaisha vizuri, Bibi Tatu, yule mkandaji wa wazazi, akaanza kusema maji ya pipa hayafai. Mzazi mmoja aliyekandwa nayo alitetemeka usiku kucha. Alikuwa na malaria, kila mtu anajua, lakini Bibi Tatu alisema maji yaliyozaliwa na mashine ya baridi yana baridi imejificha ndani, na baridi hiyo inaingia kwenye mifupa ya mzazi isitoke tena. Ulipokuwa hai hakuthubutu kusema hivyo, kwa sababu ungeyachota mbele yake ukayakoga. Sasa alisema, na wanawake wakarudi kwenye kuni.

Hakuna aliyechota tena. Pipa likachemka, mgeni akakosa kiti, akarudi ndani kama ulivyosema. Maziwa yakaanza kuharibika mle mle kwenye sanduku. Jumatatu nilimwona Mama Masanja akimwaga ndoo nzima kando ya barabara. Aliisuuza ndoo, akaifunika, akaanza safari ya kurudi Mwamkulu.

Mzee Sefu akatangaza kwamba Ijumaa, akitoka msikitini, atafungua ule mkanda wa pili. "Mashine imekufa na mwenyewe," alisema. "Mimi nasaga mahindi. Miujiza siiwezi."

Sasa nakuambia jambo ambalo naona aibu kuliandika. Nilijua ugonjwa wa mashine na nilijua dawa yake. Nilipita pale kila siku, nikaligusa pipa likaniunguza, nikarudi nyumbani bila kumwambia mtu. Nilijitetea kwamba mimi ni mtoto, nimemaliza shule juzi tu, nani atanisikiliza.

Jumatano Dada Kalunde akajifungua mtoto wa kike. Bibi Tatu akaja na taulo yake, akaagiza kuni. Dada alikuwa amefumba macho, nikadhani amesinzia.

"Mie nitakandwa na maji ya baba," akasema.

"Mjukuu wangu, hayo maji yana baridi."

"Ya baba, bibi."

Bibi Tatu akatupa taulo juu ya kitanda. "Basi mkandane nyie wenyewe. Mimi sitaki lawama."

Mama alikuwa amembeba mtoto. Akanitazama. Msichana ambaye hajazaa hakandi mzazi, hilo nalijua, na Bibi Tatu alijua kwamba nalijua, ndiyo maana hakuondoka. Alibaki mlangoni aone. Nilikwenda kwenye mashine, nikachota ndoo mbili, nikarudisha mbili za baridi. Nikalowesha taulo, nikaikamua mpaka viganja vikawa vyekundu, nikaanza kiunoni kama nilivyowahi kuona ikifanywa.

"Taratibu we paka, unanichuna," dada akasema.

"Hiyo baridi umeiona?" Bibi Tatu akauliza kutoka mlangoni.

"Siioni, bibi," dada akajibu. "Labda imebaki kwenye maziwa."

Mama alicheka kwa mara ya kwanza tangu tukuzike. Na ni kweli, baba. Dada alisema kwa utani, lakini ndivyo ilivyo hasa. Usiku ule nilikata shauri kwamba sitanyamaza tena.

Lakini mzazi mmoja hamalizi pipa. Ijumaa asubuhi nilisimama pale Mama Masanja na wenzake walipofika. Mahindi yalikuwa yanasagwa, injini inanguruma, na foleni ilikuwa ndefu. Nikasema maziwa hayaharibiwi na kifo cha baba, yanaharibiwa na pipa lisilochotwa. Kila anayeleta maziwa achote ndoo ya moto, ampelekee mtu wa mtaa huu anayeitaka. Asipopatikana wa kuipokea, aimwage hata barabarani, ila arudishe ndoo ya baridi.

Wapo walioguna. Mwanamke mmoja kwenye foleni akasema, "Kumbe huyu anaongea?" Mzee Sefu akatoka na kanzu yake tayari ya msikitini.

"We binti, nani amekupa mkutano hapa?"

"Sijapewa, Mzee. Naomba tu muda mpaka utoke kuswali."

"Haya ndiyo mambo ya vyama vingi," akawaambia watu. "Sasa mpaka pipa langu lina upinzani."

Walicheka. Mimi sikukimbia. Nilichota ndoo ya kwanza mwenyewe. Mama Masanja akachukua ya pili, na baada yake wakafuata wenzake. Wanawake wa Mwamkulu, ambao mtaa huu unawaita watu wa kuja, waligonga milango ya Kawajense mmoja mmoja wakiwa na maji ya moto kichwani. Milango mingine haikufunguliwa. Mingi ilifunguliwa.

Mzee Sefu aliporudi alikuwa na spana mkononi. Hakwenda kwenye mkanda moja kwa moja. Alifungua sanduku, akaingiza mkono kwenye ndoo ya maziwa ya Mama Masanja, akauacha humo muda mrefu. Alipoutoa, umepoa kwa baridi ya maziwa, aliupangusa kwenye kanzu yake nyeupe, kitu ambacho sijawahi kumwona akifanya.

"Na ikiharibika kesho," akauliza, "fundi nani?"

"Mimi."

"Sijasikia. Injini inapiga kelele."

"Mimi," nikasema. Safari hii watu wote kwenye foleni waligeuka.

Akanikabidhi spana. Ni ile yako, yenye kitambaa chekundu kwenye mpini.

Bibi Tatu bado anawaambia watu maji yako yana baridi. Aseme. Kesho asubuhi nitamkanda dada mlango ukiwa wazi, na anayetaka kuja kutazama aje. Mkanda umeanza kulegea na sijui nitapata wapi mwingine, lakini nitautafuta. Wakinicheka watanicheka nikiwa kazini.

Lala salama, baba. Mgeni wako ana kiti.

Mimi, mwanao,
Nyamizi