Joho la Septemba

Jumatatu, 5 Machi 2018

Karatasi za mwaka wa pili bado nyingi. Wengi wamejibu swali la nne kana kwamba waliulizwa jambo jingine. Nimeacha kuandika maelezo pembeni. Naweka alama tu.

Mchana, barua pepe kutoka ofisi ya utumishi. Rufaa yangu imekataliwa, na ya mwenzangu Ilunga pia. Kanuni ya zamani ilisema mhadhiri akipata shahada ya uzamivu apandishwe ngazi ya mshahara. Julai mwaka jana baraza la chuo liliifuta. Sasa wanadai kwamba hata kabla ya hapo haikuwa haki, ilikuwa hisani. Nilijaribu kukasirika. Nimechoka tu.

Alhamisi, 22 Machi

Kwa Bi Nomsa, wakili wa chama cha wafanyakazi, katikati ya jiji. Atatupeleka mimi na Ilunga kwa mwamuzi wa migogoro ya kazi, katika shauri moja. Upande wa Ilunga ni mwepesi: alivaa joho Aprili mwaka jana, kanuni ikiwa hai. Tasnifu yangu ilipitishwa kabla ya yake, lakini niliomba mahafali yangu yasogezwe hadi Septemba. Baba alikuwa amefariki Februari. Mama alikuwa ndani ya eda huko Tanga, hawezi kusafiri kuja huku kusini, nami sikutaka kuvaa joho asipokuwepo. Hakuna aliyenionya kwamba kanuni ingefutwa katikati.

Bi Nomsa anafikiri tunaweza kusimamia siku tasnifu ilipopitishwa. Alisema "tunaweza" kama daktari anavyolisema.

Ilunga, mtu wa Lubumbashi, anafundisha takwimu chumba cha pili kutoka changu. Alisoma maelezo yangu ya shauri tukisubiri teksi. "Mama wa Tanga," akaniambia, "hata Kingereza yako inavaa kanzu." Nilicheka kwa mara ya kwanza wiki hii.

Jumatano, 16 Mei

Chuo kimeleta pendekezo. Waliotunukiwa kabla ya Julai watapandishwa, mradi wajiondoe katika shauri. Yaani Ilunga.

Alikuja ofisini kwangu akakaa kwenye kiti cha wanafunzi. "Miye sitaweka sinyatire bila weye. Tuliingia pamoja."

Sahihi hiyo ingempandishia mshahara. Ana watoto shuleni. Mkewe husuka nywele mtaani Hillbrow mpaka vidole vinavimba. Nilisema nahitaji kufikiri, ingawa sijui nilihitaji kufikiri nini.

Ramadhani inaingia. Sijanunua hata tende.

Ijumaa, 18 Mei

Nimemwambia. "Tia sahihi, Papa Ilunga. Sitaki mkeo anilaani akiwa na kitana mkononi."

Alitabasamu, akasema asante kwa sauti ndogo. Ametia sahihi alasiri hii.

Najiambia ulikuwa uungwana. Sina hakika. Huenda nilitaka kubaki peke yangu na shauri langu, nisimwone mtu mwingine akilipoteza kwa sababu yangu. Na alipokubali, nilikasirika. Hilo nalo niliandike.

Jumanne, 12 Juni

Mbele ya mwamuzi. Chumba baridi, heater haifanyi kazi. Waliniwekea glasi ya maji. Nimefunga, ikabaki pale kama shahidi wa upande wa pili.

Wakili wa chuo ni kijana mwenye adabu. Alinipa pole ya msiba. Akauliza kama nafasi yangu ilikuwapo katika mahafali ya Aprili. Ilikuwapo. Nani aliomba isogezwe? Mimi. Nikamweleza mwamuzi maana ya eda: mjane hukaa ndani miezi minne na siku kumi, hatoki bila dharura. Alisikiliza vizuri. Wakili akauliza kama kuna mtu aliyenizuia kwenda.

"Hakuna," nikasema. "Lakini sikuwa na njia nyingine."

Mwamuzi akaandika. Niliyasema nikiwa chini ya kiapo, na niliyaamini.

Ilunga alikuwa akinisubiri nje, amevaa suti. Hakuna aliyemwita.

Jumapili, 8 Julai

Uamuzi ulifika juzi. Nimeshindwa. Shahada hupatikana siku inapotunukiwa, si siku tasnifu inapopitishwa. Umeandikwa kwa lugha nzuri, na kwa sehemu kubwa nakubaliana nao, jambo linalonisumbua kuliko kushindwa kwenyewe. Bi Nomsa anataka twende mahakamani. Nilikuwa nimeelekea kukubali.

Leo mama alipiga simu. Aliuliza kesi imeishaje, nikamwambia imeishia kwenye tarehe. Tarehe gani? Nikajikuta nimemweleza. Hakuwahi kujua kwamba kulikuwa na mahafali ya Aprili. Alidhani alikuja Septemba kwa sababu Septemba ndiyo iliyokuwa siku yangu.

Nilimsikia akivuta kiti, akakaa.

"Mimi nilikuwa eda, mwanangu," akasema. "Wewe hukuwa. Ungevaa tu. Ningefurahi humo humo ndani."

Hakusema kwa lawama. Sikuwahi kumuuliza. Nilimwamulia, kisha nikaenda kuapa kwamba sikuwa na njia nyingine.

Nimemwandikia Bi Nomsa kwamba siendelei. Labda kesho nitaona nimekosea.

Kabla ya kuagana mama aliuliza kama baridi imepungua. Nikamwambia bado, hapa Kensington ninapokaa nyasi huamka nyeupe kwa barafu, na jua likipanda kidogo zinarudi kuwa nyasi.