Mtani Wangu, Basi Halikuondoka

Ilala, Jumapili asubuhi

Nyamizi, mtani wangu,

Jana jioni basi letu lilitembea. Nakuambia hilo kwanza kwa sababu wewe hukuwa mtu wa kusubiri mwisho wa habari. Lilitembea, lilijaa, na tulipofika mwisho watu walikuwa hawataki kushuka. Sasa tulia nikusimulie kwa utaratibu.

Katika shajara yangu nimeandika kama ninavyoandika kila siku: tarehe, hali ya hewa, kilichofanyika. Mawingu kidogo, joto, safari ya kwanza bila Nyamizi. Kisha nikabaki nautazama ukurasa. Mambo ya jana si ya kujiandikia mwenyewe, ndiyo maana nimechukua karatasi.

Nianze na habari za nyumbani. Kizimba chetu cha mitumba pale Mchikichini kipo. Viatu vya kike navipanga mbele kama ulivyotaka, japo bado naamini vya watoto ndivyo vinavyowasimamisha wapita njia. Kitu ambacho sijakizoea ni ukimya. Wewe ulikuwa unanadi mpaka wauza suruali wa safu ya pili wanakuja kukuomba unywe maji kidogo, na wao wasikike. Mimi nasema bei mtu akiniuliza. Juzi mteja mmoja alisimama, akatazama huku na huku, akasema, "Yule dada wa kelele leo yuko wapi?" Nikamjibu kuwa umesafiri. Sikuweza kumwambia ukweli. Nikamfungia viatu vyake, nikainama kutafuta kitu chini ya meza ambacho hakikuwepo.

Nakumbuka jioni ile ulipolileta wazo la basi. Tulikuwa tumeshafunga, tunakula mihogo ya kukaanga tukiwa tumekaa juu ya marobota. Ukasema, "Tatu, mji huu tunautumikia kutwa nzima, hatujawahi kuutazama. Wageni wanazungushwa wanaoneshwa. Na sisi tuzungushwe, usiku, taa zikiwaka." Nikakuambia hakuna mtu wa Dar atakayelipa nauli ili arudishwe alipopanda. Ukanijibu neno lako lile la kila kitu: "Tuonje kwanza."

Tukaonja. Mimi nikapanga njia, pa kuanzia na pa kupunguza mwendo, na upande gani watu watazame. Wewe ukashika kipaza sauti. Basi tukalipata kwa Kaka Shirima, lile la njano la kubebea watoto wa shule, ambalo Jumamosi jioni huwa limekaa tu. Watu wazima wakakaa kwenye viti vya darasa la pili, magoti yamegusa videvu, na wewe ukasimama mbele ukasema, "Wanafunzi, kimya." Walianza kucheka kabla gari halijawashwa.

Kisha ukaugua, na ugonjwa haukutupa nafasi ya kujipanga.

Nyamizi, kuhusu siku ya msiba nitasema kidogo tu. Mimi Mzaramo, wewe Mnyamwezi, watani tangu enzi za babu zetu. Mila unaijua: mtani ndiye mwenye ruhusa ya kucheka penye kilio. Ndiye anayelizuia gari la maiti, anamsema marehemu, anataja vituko vyake vyote mpaka wafiwa wacheke, kilio kipungue uzito. Gari la kukupeleka Tabora lilipowashwa, watu wote walinigeukia mimi. Hapakuwa na mtani wako mwingine wa karibu kama mimi. Nikasogea hadi mbele ya gari, nikasimama, na mdomo ukagoma. Nilishika ncha ya kanga tu. Mama Sikudhani wa nyumba ya tatu akaniona, akaingia nafasi yangu. Akajilaza kwenye boneti, akasema, "Huyu hatoki hapa. Aliniuzia viatu, vyote vya mguu wa kushoto." Watu wakacheka, hata mama yako. Mimi nikabaki pembeni, gari likakata kona, na mtani wako hakuwa amekusema hata neno moja.

Hilo limenikaa kifuani miezi yote hii. Halikuwa majuto hasa. Lilikuwa kama sufuria uliyoisahau jikoni, na uko mbali na nyumbani.

Wiki mbili zilizopita Kaka Shirima alikuja kizimbani. Unamjua, haanzi na habari za watoto. Akasema, "Dada Tatu, kuna kwaya inalitaka basi kila Jumamosi jioni. Nimewaambia wasubiri kwa heshima ya marehemu. Sasa nakupa safari moja. Abiria wakishuka wana furaha, jioni ni zako. Wakishuka wamenuna, tumeachana kwa amani." Nikamwambia sijawahi kuongea mbele ya watu. Akasema, "Basi waachie kwaya, wao wamezoea."

Nilikaribia kukubali. Nilipofika nyumbani nikalikuta koti lako la njano bado limening'inia nyuma ya mlango, lile ulilolitoa kwenye robota ukasema limeletwa toka Ulaya kwa ajili yako. Nikasema, haya, tuonje kwanza.

Nikajiandaa kwa njia ninayoijua. Niliandika maelezo yote kwenye karatasi, kila jengo na habari zake, nikayasoma mbele ya kioo. Sikuacha kitu. Jana tukakutana Mnazi Mmoja baada ya swala ya magharibi. Walikuja wauza duka wa Kariakoo, dada wawili wa saluni, mama mmoja wa Kipare na mwanawe, na mzee wa kofia ya pama aliyetoka Urambo kumtembelea binti yake. Huyo nilimpa shikamoo akaitikia marahaba kwa sauti iliyolijaza basi zima. Lafudhi yake, Nyamizi. Nilitamani ashuke, kwa jinsi ilivyofanana na yako.

Tukaondoka, nikaanza kusoma. "Upande wenu wa kushoto ni barabara iendayo Kivukoni." Watu wakatazama kushoto. "Upande wenu wa kulia ni jengo la zamani." Wakatazama kulia. Bandarini kreni zilikuwa zimewashwa taa juu hadi chini, makontena yanashushwa, mahali ambapo wewe ulikuwa unawaambia watu wapige magoti yao kama ngoma kuwasalimu wapakuzi. Mimi nikasoma mwaka na urefu wa gati. Nyuma yangu nikamsikia kijana mmoja akimwambia mwenzake, "Huyu dada anasoma kama matangazo ya vifo redioni." Mwenzake akasema, "Ngoja atamtaja na mjomba wako."

Walikuwa wanasema kweli. Simu zikaanza kuwaka moja moja. Tulipokaribia Mnara wa Saa, mama wa Kipare akaita, "Dereva, nishushe hapo mbele. Nimekumbuka nimeacha maharage jikoni." Kaka Shirima akanitazama kwenye kioo. Niliiona kwaya machoni mwake. Nikamwomba yule mama avumilie hadi Kariakoo, kuna usafiri wa kila upande. Akakubali kwa kuguna.

Kariakoo tukakwama, kama ilivyo kawaida yake. Mikokoteni mbele, pikipiki ubavuni, wamachinga wameweka taa juu ya meza zao mpaka barabara nzima inang'aa kama harusi. Nikaendelea kusoma. Nikasema kwamba wakati wa vita vya kwanza vya dunia hapa palikuwa na kambi ya kikosi cha wapagazi, na mtaa ukapata jina lake kutokana na kikosi hicho.

Mzee wa kofia ya pama akakohoa. "Binti, hebu simama hapo. Wewe kabila gani?"

"Mzaramo, mzee."

"Nilijua. Unawasoma wapagazi kwenye karatasi kama watu usiowajua. Sisi Wanyamwezi mizigo tulianza kubeba kabla ya vita hivyo. Babu zangu wametembea toka Unyamwezi hadi pwani hii, pembe za ndovu mabegani. Na walipofika, babu zako waliwakuta wapi? Wamelala kivulini, wanasubiri ngoma ianze."

Kijana wa matangazo ya vifo akashusha simu yake. Na mimi, Nyamizi, sijui kilitoka wapi. Yaani najua. Kilitoka kwako. Uliwahi kunisimulia siku yako ya kwanza Dar, ulivyoshuka kwenye treni ukaenda moja kwa moja ufukweni, ukachota maji ya bahari kwa viganja viwili ukayanywa, kwa kuwa hukuamini kwamba maji mengi namna ile yanaweza kuwa ya chumvi. Nilikucheka kwa hilo miaka yote ya urafiki wetu.

Nikasema, "Mzee, babu zangu hawakulala. Walikaa kivulini makusudi, wawaone babu zako. Wametembea miezi na miezi, wamefika baharini, wametua mizigo, wakachutama wote kwa mstari wakanywa. Tangu siku hiyo hatujawahi kuhitaji ngoma nyingine."

Nakuambia basi lilitikisika. Mzee alivua kofia, akajipepea, akacheka hadi akashika kiti cha mbele. Mama wa Kipare naye akaamka. "Dereva, mbona humu ndani umezima taa? Wachaga bwana, hata mwanga mnautunza." Kaka Shirima hakugeuka. Akasema, "Nimezima kwa usalama, mama. Nikiwasha Wapare mtaonana, mtaanza kupelekana mahakamani." Mmachinga mmoja akaingiza kichwa dirishani na soksi zake, akauliza humu kuna sherehe ya nani. Dada wa saluni akamwambia, "Ya bahari."

Karatasi nilikuwa nimeikalia. Sijui ni saa ngapi niliikalia.

Hapo njia ikafunguka mbele. Mkokoteni uliosimama ukavutwa pembeni, Kaka Shirima akaweka gia, na gari likaanza kusogea polepole. Nikajiona nimesimama tena mbele ya gari lile jingine, na ncha ya kanga mkononi. Safari hii mdomo haukugoma. Nikaweka mkono kwenye dashibodi nikasema, "Kaka Shirima, zima gari. Basi hili haliondoki hapa mpaka nimseme mtu."

Akanitazama. Nyuma wakapiga honi. Akazima.

Nikakusema, Nyamizi. Nikawaambia safari hii ni ya Mnyamwezi mmoja ambaye ndiye aliyeinywa bahari kwa mara ya mwisho, na kama maji yamepungua Kivukoni wamuulize yeye. Nikawaambia ulikuwa unauza viatu lakini vyako mwenyewe vilikuwa na nyuzi za rangi mbili. Nikasema ulipotea Kariakoo hii hii ukiwa umekaa mjini miaka miwili, ukazunguka mtaa mmoja mpaka muuza maji akaanza kukusalimia kwa jina, na nilipokupata ukasema hukupotea, ulikuwa unakagua. Nikaiga unavyokoroma. Nikaiga unavyonadi: nikasimama pale mbele, mimi Tatu, nikaachia sauti, "Chagua, mama, chagua, miguu haingojei," na wamachinga wa nje wakageuka kuona nani ameingia sokoni. Nilikusema mpaka machozi yakanitoka na sikuacha kukusema, nayo yalikuwa yanatoka bila kuniuma.

Nilipomaliza mzee alikuwa ameweka kofia kifuani. Akaniuliza jina la marehemu na jina la baba yake. Nikamtajia. Akatikisa kichwa taratibu, kisha akasema, "Umefanya kazi yako, mtani. Sasa amezikwa."

Kaka Shirima akawasha gari. Sikurudi kwenye karatasi tena. Tulizunguka mitaa yote niliyoipanga, na miwili ambayo sikuipanga kwa sababu abiria waliiomba: mmoja alitaka kutuonesha duka alipoanzia kazi ya kufagia, mwingine kibaraza alipomwona mkewe kwa mara ya kwanza. Kila mtu alikuwa na mahali pake. Wewe ulilijua hilo tangu siku ya mihogo. Mimi nilidhani tunawaonesha majengo.

Tuliporudi Mnazi Mmoja, mwisho wa safari, mlango ukafunguliwa na hakuna aliyenyanyuka. Nikamkumbusha mama wa Kipare maharage yake. Akasema, "Yameshaungua, mwanangu. Niache nikae." Kaka Shirima alishuka, akazunguka gari, akaja upande wangu akaegemea mlango. "Dada Tatu," akasema, "kwaya nitawaambia wapite kwa miguu. Mazoezi ni mazuri kwa pumzi." Nilicheka, Nyamizi, kicheko chako kile cha kupiga paja. Sijui nacho nilikichukua lini.

Sasa asubuhi hii koti la njano nimelifua, limeanikwa uani. Jumamosi nitalivaa. Linanibana mabegani lakini wewe mwenyewe lilikuwa linakupwaya, kwa hiyo hakuna aliyemwonea mwenzake.

Mtani wangu, ahadi yangu ni hii. Kila safari, tukifika Kariakoo, hata kama barabara iko wazi kabisa, nitalizuia basi. Halitaondoka pale mpaka nikuseme. Vituko vyako vikiniishia nitatunga vingine, na wewe huna njia ya kuvikanusha.

Lala vizuri huko Tabora, mbali na maji ya chumvi. Na kama huko uliko kuna bahari yake, nakuomba sana: usichutame na viganja vyote viwili. Onja kwanza.

Mtani wako,
Tatu