Wanaoogesha Watoto wa Gitega

Jumanne, 5 Mei 1992

"Mheshimiwa diwani, daktari wetu, masheikh, kina mama wapenzi" — hivyo ndivyo nilivyofungua sinema yetu ya malezi leo, siku ya chanjo, hapa zahanatini. Ngazi zote za heshima nilizipanda. Watoto wachanga nikawasahau, nao ndio wenye shughuli! Filamu yasema Kifaransa, mimi natafsiri. Ilipofika pale baba anamwogesha mtoto, chumba kilijaa vicheko. "Da Raihana, rudisha kaseti! Huyo mwanamume tumwone tena!" Nikarudisha. Mara tatu. Somo la kitovu — kiachwe kikavu, kisipakwe kitu — walilikariri wote bila kosa.

Alhamisi, 7 Mei

Nimepita kwa Mukunde, aliyekaa mstari wa mbele na kujibu kila swali. Mtoto ana siku nane. Nikamfunua — majivu kitovuni! Na pembeni wekundu. Hukusikia juzi? nikamuuliza. Alisikia, akasema kwa aibu, lakini maji ya kumwogesha mtoto hayashiki yeye. Huyashika mama mkwe wake, Mukankusi.

Bibi mwenyewe kanikaribisha chai. Ameogesha watoto tisa, wote wanatembea. Mimi nimeogesha wangapi? akaniuliza.

Hata mmoja, nikakiri.

"Basi kunywa chai."

Ijumaa, 8 Mei

Daktari amemwona mtoto. Tumewahi, dawa itatosha — mradi majivu yasirudi.

Jumanne, 12 Mei

Kina mama thelathini. Kabla ya kuwasha kaseti nimeuliza: nani hapa humwogesha mwanawe kwa mikono yake? Mkono mmoja umeinuka — kumbe mwenyewe anajikuna! Nikachungulia nje. Mabibi wote wako kwenye benchi, na mafurushi yao, wakipiga soga. Miezi mitatu nimewafundisha wasioshika beseni!

Nimesalimu upya, kwa sauti ifike nje: "Mabibi waheshimiwa, kisha daktari, kisha kina mama. Kuanzia leo, viti hivi ni vya wanaoogesha. Kina mama, benchi ni lenu." Vigelegele! Wametoka mbio, kama wanafunzi waliopewa likizo.

Mabibi wanaingia, wakinung'unika, wakigombea mstari wa mbele. Mukankusi peke yake kasimama mlangoni, mjukuu mgongoni.

"Nifundishwe na televisheni, mimi?"

Uisahihishe, bibi, nimemjibu. Inapokosea, useme.

"Huyo mwanamume wao anayeogesha, yumo?"

Yumo.

Nimetangaza: kaseti haitawashwa mpaka bibi wa mwisho aketi. Naandika haya nikimngoja. Amevua kandambili moja —