Mahakama Imeniozesha

Chuo cha Ualimu, karibu na Homa Bay
Jumapili

Kaka yangu Mwadime,

Nakusalimu, na kupitia kwako namsalimu Mama. Miguu yake inaendeleaje? Na huko Taita mvua mmepata, au bado mnaangalia mawingu tu? Mimi mwili ni mzima, Mungu ashukuriwe. Moyo usiniulize.

Kesi nimeshindwa. Nimeshindwa vibaya, Kaka, mbele ya watu, na wengine walicheka.

Unakumbuka nilipoolewa na marehemu baba Achieng, chuo kiliniondoa kwenye ajira ya kudumu. Walisema mwanamke aliyeolewa ni mwalimu wa muda: hapandi ngazi ya mshahara, hapewi nyumba, hana pensheni, na miaka yote aliyofundisha haihesabiwi. Nilinyamaza, kwa kuwa nilikuwa na mume. Alipofariki nikawaandikia: sasa sina mume, nirudishieni haki yangu. Bodi ikakataa. Ndipo nikaenda mahakamani, kichwa juu kama mjinga.

Wakili wao hakuniuliza neno hata moja juu ya kazi. Aliniuliza juu ya paa!

"Mwalimu, nyumba yako ya Karungu, kwa wakwe zako, ilikuwa ikivuja?"

Nikasema ndiyo.

"Aliyeiezeka ni nani?"

Nikasema ni shemeji, ndugu wa marehemu. Hapo hapo nikajua nimekwisha. Kwa hawa wakwe zangu, paa la mjane haliguswi mpaka arithiwe na ndugu wa mumewe. Mwaka ule Achieng alilowa kitandani mpaka akashikwa na kichomi. Nikamwambia shemeji: basi lete koti lako ulitundike ndani, wazee walione wajue nimerithiwa, kisha uezeke. Alitundika, akaezeka, akaenda zake kwa mkewe. Hajalala kwangu hata siku moja, naapa. Nami nikajiona mjanja!

Basi wakamwita atoe ushahidi. Maskini, alikuja amevaa suti, akidhani anakuja kunitetea. "Huyu ni bibi yetu," akasema kwa sauti kubwa. "Kwetu mtu akikufa, ndoa haikufi. Koti yangu iko kwake. Sisi hatuwezi kumtupa!" Akanitazama akitabasamu. Hakimu akaandika, akasema mimi ni mwanamke aliyeolewa, kwa hiyo bodi haina kosa. Sijawahi kumchukia mtu mwema kama nilivyomchukia yeye siku ile.

Barua yako nimeipata. Eti utauza shamba la chini ununue ng'ombe, urudishe mahari, ndoa ivunjike, nami nikate rufaa. Wakili wangu naye alisema njia ni hiyo tu. Nikamwendea shemeji kumweleza. Hakugomba. Alisema, "Sawa, mwalimu. Leta ng'ombe, uende salama. Lakini Achieng ni mtoto ya hapa, hatoki." Nikamwambia ana miaka tisa tu. Akasema hata angekuwa na siku tisa. Nikalia pale pale mbele yake bila haya, naye akaagiza niletewe chai.

Kwa hiyo usiuze kitu. Usirudishe hata mbuzi mmoja, unanisikia? Siwezi kununua pensheni kwa kumtoa mwanangu. Na usinibembeleze. Nina hasira, niache nayo, na ukimtuma mchungaji aje kuniambia nivumilie nitamfukuza.

Nisalimie wifi yangu, mkeo, na shangazi yetu aliyenilipia karo. Yeye mwambie ukweli, atatukana kwa niaba yangu. Mama usimwambie habari za koti. Mwambie hakimu aliugua, kesi imeahirishwa. Achieng anawasalimu wote. Mwandiko wake umeupita wako, ingawa hiyo si kazi kubwa.

Kesho narudi darasani. Mkuu wangu sasa ni Odhiambo, niliyemfundisha mwenyewe jinsi ya kuandaa somo. Yeye ana ajira ya kudumu na nyumba ya chuo. Jana aliniita ofisini, akanipa karatasi ya ajira ya muda nitie sahihi, akashindwa kunitazama usoni. Penye jina la mume walikuwa wameshapiga chapa jina la shemeji. Nilimwomba alifute. Akasema, "Mwalimu, hiyo ni hukumu ya korti." Nikatia sahihi.

Dada yako, mjane wa marehemu baba Achieng,

Wakio