Drili ya Vidole Vitatu

Baba yangu mpendwa,

Shikamoo. Naanza kwa kukujulia hali, na nakuomba usinijibu lile "mzima tu" lako la siku zote. Kifua kimetulia? Goti je, bado linatangulia mvua kwa siku mbili? Na Mama, macho yake yanaendeleaje na yale matone aliyopewa? Mimi mwili ni mzima. Nakula, kazini naenda. Ila roho haijakaa kitako tangu barua yako inifikie, na ndiyo maana jibu limechelewa wiki tatu. Usidhani nimekupuuza. Barua hii nimeianza mara nne, na mara zote nne niliinuka kwenda kufagia chumba nilichokwisha kukifagia.

Uliniomba kitu kidogo tu. Ulisema mikono inakuwasha kwa kukaa bure, unataka kurudia vikazi vya nyumbani, rafu ya Mama ya jikoni na zile bawaba za kabati, na kwamba nikuchagulie drili ya betri kwa kuwa mimi ndiye niliyebaki kwenye ufundi. Ukamalizia hivi: "Chagua ambayo hata mzee msahaulifu hawezi kujiumiza nayo." Baba, maneno hayo yamenizungusha mji mzima.

Siku ileile barua yako iliponifikia, nilipotoka karakana nilipitia duka la vifaa lililo mkabala na kituo cha mafuta. Muuzaji ni mama mmoja mwenye miwani iliyofungwa kamba, anayezijua mashine kuliko wengi wetu tunaozitumia. Mafundi humwita Mama Skrubu, naye huitika. Aliniuliza kama ni ya mbao peke yake au na ukuta. Nikamwambia na ukuta, maana ule wa jikoni kwenu ni tofali za saruji, unakula misumari kama karanga. Akasema basi nichukue ile ya kazi tatu: inakaza skrubu, inatoboa mbao, na ukigeuza pete inazunguka huku ikigonga. Akanipangia tano juu ya kaunta.

Nilizijaribu kwa namna yangu. Nilikunja kidole cha shahada na cha kati, nikabaki na vitatu kama ulivyobaki navyo wewe mkono wa kulia, nikawa nabonyeza swichi kwa kidole cha pete. Mama Skrubu akaniuliza kama nina jipu. Nikamwambia hapana, ninamnunulia mtu. Akakunja na vyake, tukawa wawili pale tunashika mashine kama watoto walioanza kujifunza kushika kijiko.

Ya kwanza ilikuwa na nguvu za punda, lakini kichwa kizito, kiganja kinainama chenyewe. Ya pili nyepesi kama kitana, ila mbele ya tofali ingebaki kulia tu. Ya tatu swichi yake fupi, kidole cha pete kinateleza. Ya nne ndiyo iliyonikaa: swichi ndefu inayoenea hadi chini, mkono wa pembeni wa kushikilia kwa kushoto, na pete yenye namba, ukiweka namba ndogo inaachia yenyewe skrubu ikishafika, haipasui mbao. Nilikuwa nimeshafungua mdomo kusema nifungie hii.

Ndipo Mama Skrubu, kwa wema wake, akasema kuna seti ambayo betri moja inaendesha mashine tatu, drili, ya msasa na grainda ya kukatia chuma. Akaitoa grainda kwenye boksi, akaiweka mbele yangu. Sikumbuki niliaga vipi. Nilijikuta barabara ya pili, jasho linanitoka kama niliyefukuzwa, na futi yangu ya kupimia nimeiacha kaunta.

Wiki iliyofuata nilikuwa fundi wa hasara. Nilifunga mlango wa kabati juu chini, nikaufungua, nikaufunga tena vilevile. Mwenzangu anayepuliza vanishi, tunayemwita Shemeji ingawa hakuna aliyemwoza dada, akaniambia nipumzike kabla sijajipigilia ukutani mwenyewe. Nikamweleza kwamba nahangaika kuchagua drili. Akacheka, akasema drili ni kama mchumba, usiitazame betri ikiwa imejaa, itazame inapokaribia kuisha. Nikacheka naye, kisha nikaenda stoo nikakaa juu ya magunia ya vumbi la mbao hadi saa ya kufunga.

Nilikwenda maduka mengine mawili. Huku wakanisifia mota isiyotumia vijiti vya kaboni vinavyolika, kwamba haichoki haraka. Kule wakanionyesha msumeno wa betri unaokata mbao kwa kupinda, nikasikiliza habari zake zote na wala sikuuhitaji. Nilikuwa nazunguka ili nisifike. Mwishowe, juzi mchana, nikarudi kwa Mama Skrubu. Akanipa futi yangu kwanza. Nikamuuliza waziwazi ipi kati ya zile ni salama kwa mzee anayesahau.

Akavua miwani. Akasema, "Mwanangu, mtu anayesahau simuuzii mashine yoyote. Namuuzia ufagio. Kwani huyo mzee alisahau nini?"

Swali lile nakujibu wewe, Baba.

Hukusahau kitu.

Asubuhi ile ya fremu za madirisha, ulitoka nje kuongea na mwenye nyumba ukaniachia grainda. Ilibaki kona moja ya ndani, na kinga ya bati inayofunika diski ilikuwa inagonga chuma, diski haifiki. Nikafungua skrubu, nikaitoa kinga, nikaitia mfuko wa aproni. Nikakata, kona ikakaa sawasawa, nikajisifu. Mara mke wa mwenye nyumba akaniita nikapime mlango wa nyuma. Nikajisemea nitairudisha nikirudi. Sikukaa huko zaidi ya kupima mlango mmoja. Nilisikia grainda ikinguruma, ikakwama, kisha nikasikia sauti yako. Wewe uliiokota mashine uliyoiacha dakika chache nyuma ikiwa kamili. Mkono ulipoteleza, palipokuwa na kinga pakawa patupu.

Hospitalini daktari alipouliza, ulijibu kwamba lazima uliitoa mwenyewe ukasahau, uzee huo. Mimi nilisimama miguuni pa kitanda na kinga bado mfukoni. Nikafungua mdomo. Nesi akaingia na bandeji, nikaufunga. Ningependa kukuambia kwamba nilikuwa mtoto, lakini nilikuwa na miaka ishirini na sita. Nilijiambia nitasema kidonda kikipona. Kikapona, nikajiambia basi yamepita.

Kumbe hayakupita. Vidole viwili ulivipoteza siku moja, lakini kichwa chako nimekuibia kila siku kwa miaka mitatu. Niliona ulivyogawa mashine zako ukisema si za mtu kama wewe. Niliona ulivyoanza kurudi mara tatu kuhakikisha mlango umefungwa, ukawa unaandika kwenye karatasi kwamba jiko umelizima. Mama akikusema mbele za watu kwamba siku hizi huna kumbukumbu, unacheka. Mimi nacheka na nyinyi. Kicheko hicho ndicho kinachonichoma kuliko damu niliyoifuta siku ile.

Drili nimeinunua jana. Sikuchukua ya msahaulifu, nimechukua ya fundi. Ni ile ya swichi ndefu, na ikikwama ukutani inajizima. Kwa rafu anza na namba ndogo, uongeze taratibu. Lakini nakufundisha nini, na wewe ndiye uliyenifundisha kushika nyundo.

Barua hii namkabidhi dereva wa lori la mbao, itakufikia Alhamisi. Nimetaka itangulie ili uwe na siku mbili za kunikasirikia bila kuitazama sura yangu. Mama usimwambie, nitamwambia mwenyewe, na atakalonitamkia nitalipokea nimesimama. Jumamosi asubuhi nitakuja na drili. Nitabisha hodi, sitaingia moja kwa moja kama nilivyozoea. Ukisema karibu nitaingia. Usiposema, nitaiweka kizingitini na nitarudi Jumamosi nyingine, na nyingine tena.

Msalimie Mama, mpe pole ya macho. Wasalimie majirani wa upande wa kisimani. Naomba radhi yako, Baba, hata kama si leo.

Mimi binti yako,
Bisibisi